Siku Nilipomzungusha Bibi wa Watu London Nzima

Tangu karamu ya arobaini ya mtoto mchanga wa Zuhura, sijapita mahali nisiulizwe: "Raya, siku ile ulipotelea wapi?" Wengine mmesikia kwamba nilikamatwa na polisi. Wengine mmeambiwa nilisinzia ndani ya treni nikaamkia mwisho wa reli. Shoga yangu mmoja, simtaji, amesema sambusa ziliungua nikaona haya kuja. Zuhura anaujua ukweli, lakini kakataa kuusema. Ameniambia, "Hayo niyaseme mie nani atasadiki? Yaandike mwenyewe." Basi nakuandikieni. Mkishasoma peaneni, na atakayeniuliza tena nitamjibu kwa Kichina, ila kwanza itabidi aniambie anataka Kichina kipi.

Woolwich, kituo cha basi

Jumamosi ile nilitoka nyumbani saa nne asubuhi. Jua limewaka, soko la Woolwich limeshachangamka, na mie nimepiga mtandio wa kijani na kikapu mkononi. Chini nimetia visheti, juu sambusa za nyama, za moto bado, nimezifunika kwa kitambaa. Safari yenyewe mnaijua: basi la hamsini na tatu mpaka Trafalgar, halafu treni ya chini moja kwa moja mpaka Queensbury. Saa sita na nusu ningekuwa jikoni kwa Zuhura nimeshakunja mikono.

Kituoni alikuwepo bibi wa Kichina. Mfupi, koti la pamba la buluu, viatu vya kitambaa, na mfuko wa plastiki wenye maua. Aliponiona alinitazama kuanzia mtandio mpaka viatu, akatabasamu kama mtu aliyempata mtu wake, akaja kunishika mkono.

Mie nafanya kazi nyumba ya wazee. Kushikwa mkono na wazee ndiyo riziki yangu. Nikadhani anataka kusaidiwa kupanda. Nikampandisha, akamwonesha dereva kadi yake ya wazee, nikamkalisha. Nami nilipokwenda kukaa kiti cha mbele yake, aliinuka akanifuata, akakaa ubavuni pangu na mfuko wake mapajani.

Akaanza kuzungumza. Alizungumza kwa raha, kama tunajuana miaka. Alinionesha picha ya mtoto mchanga amefungwa nguo nyekundu. Nikamwambia, "Mashaallah." Akafurahi. Halafu akanusa, akainua pembe ya kitambaa changu, akaona sambusa. "Singara!" akasema. Nikampa moja. Aliila macho kafumba. Ya pili hakungoja kupewa.

Tulipokuwa tunapita Blackheath nikaona nimuulize anashuka wapi. Nikamuuliza kwa Kiingereza, polepole. Alinijibu maneno mengi, halafu akanielekezea kidole kifuani. Nikarudia. Akanielekezea tena. Nikamwonesha dirishani: huku? kule? Akacheka, akanipigapiga goti, akanielekezea mara ya tatu.

Mama mmoja wa Kijamaika aliyekaa nyuma yetu akainama akaniuliza, "Mpenzi, rafiki yako amepotea?"

"Si rafiki yangu. Nimemkuta kituoni."

"Basi huyo kapotea. Shukeni Deptford. Pale kuna duka la chakula la Wachina. Watazungumza naye dakika moja tu, mambo yataisha."

Nikaliona neno la busara. Mchina kwa Mchina, watashindwa kuelewana? Tukashuka.

Deptford

Mwenye duka ndio kwanza anafungua mlango. Bwana mwembamba, aproni nyeupe, ndevu tatu nne kidevuni. Nikamweleza, akaweka ufunguo chini, akamwinamia bibi kwa heshima akamsemesha. Bibi akamtazama. Bwana akamsemesha tena, na mara hii sauti yake ikawa nyingine kabisa, inapanda na kushuka kwa namna nyingine. Bibi akamjibu kwa maneno mengi. Bwana akakuna kichwa.

"Muulize anakaa wapi," nikamhimiza.

"Nimemuuliza. Kwa lugha mbili. Sisi nyumbani tunasema Kiteochiu, lugha moja ya kusini mwa Uchina, maana wazee wangu walitoka huko, lakini mimi nimezaliwa Vietnam. Kikantoni nimejifunza kwa ajili ya biashara. Yeye hasemi hiki wala kile."

"Lakini si Kichina?"

Akanitazama. "Wewe unatoka wapi?"

"Zanzibar."

"Mnigeria akizungumza lugha ya kwao, unaelewa?"

Jamani, niliona aibu mpaka masikio yakawa moto. Kwa sababu kazini kwetu alilazwa mzee wa Kinigeria, akawa analalamika kwa lugha yake, na meneja akaja mbio kuniita: "Raya, njoo uzungumze naye Kiafrika." Nilinuna wiki nzima. Nikawasimulia wengi wenu, mkanuna pamoja nami. Leo ni mie niliyemvuta bibi wa watu mpaka dukani kwa mtu nikisema, haya, zungumzeni Kichina.

Bwana yule hakukasirika. Alituletea chai, akamuuliza bibi kama amekula. Kwao wanasema "chia png", kula wali. Bibi alimkodolea macho tu. Bwana akaniambia nimpeleke mtaa wa Wachina, katikati ya mji. "Pale wako wa kila namna. Atapatikana mmoja." Chai alikataa kulipwa, nikamwachia sambusa nne. Bibi alimkazia macho wakati namhesabia, kama mwenye mali.

Kutoka Trafalgar kwa miguu

Basi lililofuata lilikawia, na lilipokuja likajikongoja mpaka Trafalgar. Saa saba imeshapita. Zuhura ananingoja na sambusa, na mie nina bibi mkononi. Nikamwendea askari polisi aliyesimama uwanjani. Alikuwa mpole. Alisema naweza kumpeleka kituoni, watatafuta mkalimani, lakini Jumamosi huenda ikachukua muda. "Mtaa wa Wachina ni dakika tano tu. Jaribu huko kwanza. Ukishindwa, rudi."

Tukajaribu. Bibi hakuchoka hata kidogo. Alitembea akitazama njiwa, watalii, mabasi. Basi moja lilipotupitia karibu alilielekezea akasema neno ambalo niliapa nimelisikia "gari". Nikajiambia, Raya, njaa hiyo.

Nikachagua mkahawa wa kwanza wenye watu wengi. Bata wekundu wamening'inizwa dirishani, mvuke umejaa, kelele kama za harusi. Kwenye kaunta amekaa mama mnene mwenye miwani ya mnyororo. Nikamweleza. Akamgeukia bibi akamsemesha Kikantoni, haraka haraka. Hakuna kitu. Lakini mwisho wa maneno yake alimuuliza kama amekula, na katika swali lile mlikuwa na "sik" na "fan".

Bibi akakunjuka uso. "Sit fan!" akajibu. "Sit fan, sit fan!" Akavuta kiti akakaa.

"Hilo kaelewa," mama akaniambia. "Mengine yote, hapana."

Akaitwa mhudumu kijana aliyetoka Shandong, kaskazini kabisa, aliyekuja London kusoma uhandisi. Yeye alimsemesha Kimandarini, lugha ya serikali na ya shule. Kwao kula ni "chi fan". Bibi alimsikiliza kwa adabu kama mtu anayesikiliza redio ya nchi nyingine. Mwanafunzi akaniambia usisikitike, Wachina wasipoelewana kwa mdomo huelewana kwa maandishi, kwani herufi ni zile zile, kila mmoja huzisoma kwa sauti ya kwao. Akatoa kalamu akaandika mstari mmoja, maandishi mazuri kama mapambo, akamwekea bibi mbele.

Bibi aliitazama ile karatasi. Kwa mara ya kwanza tangu Woolwich, tabasamu likapotea usoni mwake. Akaisukuma kwa ncha ya kidole, akatikisa kichwa, akatazama pembeni.

Mwanafunzi akawa mwekundu. "Hajui kusoma," akaninong'oneza. "Nimemuaibisha." Akakunja karatasi akaitia mfukoni, na nadhani alikuwa karibu kulia. Nikampa sambusa. Akala tano.

Kelele zetu zilimtoa mpishi jikoni, mzee wa Hong Kong mwenye mikono ya kuungua. Alisimama mlangoni akimsikiliza bibi, halafu akapiga kofi la paja. "Haka! Huyu ni Mhaka! Bibi yangu mzaa mama alisema hivi hivi!"

"Basi zungumza naye!" tukamwambia wote.

"Siwezi. Bibi yangu alinifundisha kuhesabu mpaka kumi, na matusi mawili."

Matusi tukamkataza. Akahesabu. "Yit, ngi, sam..." Bibi akadakia, akahesabu naye, akamsahihisha saba na tisa, na walipofika kumi mkahawa mzima ukapiga makofi. Mpishi akasogea karibu, akakamata neno hapa na neno pale kama anayeokota punje za mchele. "Anasema mtoto. Anasema mwezi. Mwezi mmoja. Zaidi ya hapo sijui." Na mie akanieleza kwamba jina lile la Wahaka maana yake ni wageni. Watu waliohamahama zamani wakafika sehemu za wenyewe, na miaka mingapi imepita, bado wanaitwa wageni.

Bibi akaletewa wali, mboga na samaki, akala. Mie sikuweza kugusa, kwa kuhofia mafuta ya nguruwe, nikanywa chai. Nilikuwa nimekata tamaa. Nikamwomba mama wa kaunta simu nimpigie Zuhura.

"Uko wapi weye?" Zuhura akafoka. "Watu wameshakuja, sambusa ziko wapi?"

"Niko mjini, shoga. Nina bibi wa Kichina."

"Una nini?"

"Nitakueleza. Nampeleka polisi, halafu nakuja Queensbury."

Vijiti vikaanguka. Bibi alikuwa amesimama, mdomo umejaa wali, ananielekezea kidole. "Kunsibeli!" akapiga kelele. "Kunsibeli!"

Nikamtazama. Neno lile nimelisikia tangu Woolwich, mara kumi, mara ishirini, ndani ya kila sentensi yake. Nikadhani ni Kichina.

"Queensbury?" nikamuuliza.

"Kunsibeli," akajibu, akafuta mdomo, akachukua mfuko wake.

Chini ya ardhi

Kumbe tunakwenda pahala pamoja. Nilicheka peke yangu ngazi zote za stesheni ya Charing Cross. Lakini treni ilipoondoka na kicheko kikakatika, kwa sababu nilianza kufikiri. Queensbury ni kubwa. Nyumba ipi? Na huyu bibi ana watu wake mahali, saa hizi wanamtafuta. Ingekuwa ni mama yangu aliyeko Wete amepotea mjini tangu asubuhi, ningekuwa na hali gani?

Baada ya vituo vichache treni ikasimama ndani ya shimo. Dakika tano, dakika kumi. Wazungu wakafungua magazeti. Hakuna anayemtazama mwenziwe. Bibi hakutaka gazeti wala ukimya. Akanishika kidole gumba akasema "yit". Akangoja. Nikasema "yit". Akashika cha pili, "ngi". Tukafika kumi, nami nikamgeuzia: moja, mbili, tatu. "Mbili" ilimshinda, ikawa "mbi-i", na kila akiikosea anacheka mpaka mabega yanatikisika. Bwana mmoja mwenye tai alishusha gazeti lake, akatusikiliza, na tulipofika "kumi" akasema "bravo", akalipandisha tena.

Tulikaa mle zaidi ya nusu saa. Treni ilipoondoka bibi alikuwa amelala begani kwangu, na mie kiganja changu kiko ndani ya chake. Sikumwamsha mpaka Queensbury.

Queensbury, dukani kwa Mama Kusum

Mnamjua Mama Kusum, Mhindi wa Tanga mwenye duka la mboga karibu na stesheni. Nikaingia kwake kwa sababu nilikuwa sijui pa kuanzia.

"Karibu mwanangu! Umechelewa, wenzio wamenunua ndimu tangu asubuhi. Na huyu mgeni?"

Kabla sijajibu, bibi alikuwa ameshasimama mbele ya redio. Redio ilikuwa inaimba Kihindi. Naye akaanza kuufuata wimbo, kwa sauti nyembamba, maneno yote. Halafu akamgeukia Mama Kusum akamwambia jambo.

Mama Kusum aliangusha bamia. "Huyu anasema Kihindi!"

"Huyu Mchina, Mama Kusum."

"Mchina wa Kalkata! Kazaliwa Kalkata, kakulia Kalkata, baba yake alikuwa mtengenezaji wa ngozi!"

Basi yakamiminika. Bibi anasema Kihindi, Mama Kusum ananigeuzia Kiswahili, na mie nimesimama kati ya viazi na mihogo sijui nicheke au nilie. Mimi kutwa nimemtafutia Mchina wa kumwelewa, na basini tulipita Wahindi chungu nzima. Singara ndilo jina la sambusa kwao Kalkata. Gari ni gari.

Bibi anakaa Woolwich na binti yake. Mjukuu wake yuko Queensbury, mkewe amejifungua, na leo mtoto anatimiza mwezi. Kwao hiyo ni karamu kubwa. Binti yake alikwenda Queensbury tangu jana kusaidia kupika. Bibi alitakiwa kuletwa na jirani yao, mama wa Kiafrika. Akaambiwa simama kituo cha basi, atakuja mwanamke mweusi, kajifunga mtandio, ana kikapu, anakwenda Queensbury. Mfuate huyo huyo.

"Akakufuata wewe," Mama Kusum akasema.

Nikakaa juu ya gunia la mchele. Mimi siku nzima najiona mwokozi. Kumbe bibi hakuwa amepotea hata dakika moja, na aliyemteka ni mie. Ningekwenda zangu bila kujali, ningemfikisha saa sita na nusu.

"Muulize," nikasema, "yeye alinionaje?"

Mama Kusum akamuuliza. Bibi akanitazama kwa huruma, akajibu kwa ufupi.

"Anasema wewe mtu mwema sana. Ila njia huijui."

Nyumba ya mjukuu

Mjukuu, anaitwa Wilson, hununua tangawizi kwa Mama Kusum kila wiki. Nyumba yake ilikuwa mtaa wa pili. Mlango ulifunguliwa kabla hatujagonga. Wilson alimkumbatia bibi yake pale pale kizingitini, na nyuma yake akatokea binti, mama wa makamo, macho yamevimba kwa kulia. Jirani yake, mama wa Kighana, alichelewa dakika kumi, akakuta kituo kitupu. Wakaita polisi. Yule mama wa Kighana maskini alikuwa bado anazunguka Woolwich, anachungulia duka baada ya duka.

Wilson akaenda kuwapigia simu polisi. Binti akanigeukia. "Tangu saa nne asubuhi, saa saba nzima! Mama yangu, saa saba nzima, unampeleka wapi?"

Nilisema samahani, nikarudia samahani, na machozi yakanitoka. Kama ningekuwa mimi, ningesema makali zaidi.

Bibi alikuwa anavua koti. Akaliacha nusu, akamkemea binti yake kwa maneno mafupi mafupi, kidole juu, mpaka binti akainamisha kichwa kama mtoto wa chuoni mbele ya mwalimu. Wilson alikuwa amesharudi; nikamuuliza, anasema nini?

"Anasema watu wote wa leo walimsemesha kidogo, wakachoka, wakamwacha. Wewe hukuelewa hata neno moja, na hukuacha kuuliza."

Binti akanishika mikono miwili. Akanivuta ndani, akanikalisha, akaniletea mayai yaliyopakwa rangi nyekundu, ambayo kwao hugawiwa mtoto akitimiza mwezi. Nikampakata mtoto. Alikuwa mzito kuliko kwenye picha.

Saa kumi na mbili nikasimama kuaga. Bibi naye akasimama. Akavaa lile koti, akavaa viatu vyake vya kitambaa, akachukua kikapu changu kilichobaki visheti na sambusa saba. Binti akamzuia, Wilson akamzuia. Akawajibu huku anafunga vifungo.

Wilson alicheka mpaka akaegemea ukuta. "Anasema hawezi kukuacha uende peke yako. Utapotea."

Basi tukaenda. Bibi mbele ameshika mkono wangu, Wilson nyuma yetu na mayai mekundu kwenye sahani. Kila njia panda alisimama, akanitazama usoni kuona nataka kugeukia wapi, akageuka yeye kwanza. Kwa Zuhura wageni wote mlikuwa mmeshaondoka, viti vimeshakunjwa. Nikagonga. Zuhura akafungua, mtoto begani, akanitazama mie, akamtazama bibi, akatazama mayai.

"Raya! Na huyu nani?"

"Huyu," nikamwambia, "ndiye aliyenileta."